Mzazi wa Staa Ameitwa Kupika kwenye Televisheni: Maswali Yanayoulizwa Mara kwa Mara na Familia za Dodoma

Mtoto ameshajulikana, iwe kwa muziki, mpira, filamu au kuchekesha, na sasa kipindi cha mapishi kinamtaka mama au baba yake. Majibu haya ni kwa familia za Dodoma, Singida na vijiji vya jirani, pamoja na mameneja wanaoshughulikia mwaliko kwa niaba yao. Kila jibu linajitegemea. Pale jambo lilipoelezwa kwingine, tunataja namba ya swali.

## Mwaliko

1. Kwa nini wanamtaka mama badala ya msanii mwenyewe?

Msanii keshahojiwa na kila redio, majibu yake watu wanayajua. Mama ana habari ambazo hazijasikika: mtoto alikuwa anakataa mboga gani, nani alimfundisha kushika mwiko, siku za njaa walikula nini. Tena mama hana wimbo mpya wa kutangaza.

Wazo lenyewe ni la zamani. Mwaka 1974 mwongozaji wa filamu wa Marekani, Martin Scorsese, aliwarekodi wazazi wake nyumbani kwao New York. Mama yake, Catherine, alipika mipira ya nyama kwa mchuzi wa nyanya, na mapishi yake yakaandikwa mwishoni mwa filamu. Mazungumzo yalihusu zaidi ukoo wao na wazee waliohamia kutoka Sicily kuliko umaarufu wa mwana. Huo ndio mpangilio unaofaa hadi leo. Mtoto ni sababu ya mwaliko, ila kipindi ni cha mama na chakula chake. Familia ikikubaliana hilo mapema, maamuzi mengi yanayofuata huwa mepesi.

2. Tutajuaje kama mwaliko ni wa kweli?

Kituo halisi hakimtozi mgeni. Ukisikia "hela ya fomu" au "kulipia nafasi", kata simu. Kwa mwaliko unaoonekana sawa, omba mambo manne kwa maandishi: jina la kipindi na kituo, jina la mtayarishaji, tarehe na mahali pa kurekodi, na nani anagharamia vyakula. Kisha pigeni mapokezi ya kituo kwa namba mliyoitafuta wenyewe, si ile iliyo kwenye ujumbe, muulize kama mtayarishaji huyo yupo.

Wapo pia wanaotumia jina la kituo kumbe wanarekodi kwa ajili ya chaneli yao ya mtandaoni. Kuwa na chaneli si kosa. Lakini aliyedanganya kwenye mwaliko atadanganya na kwenye kuhariri.

3. Mama analipwa?

Mara nyingi mgeni halipwi ada. Hurudishiwa nauli na gharama za vyakula, na wengine huongeza bahasha ya shukrani. Hali hubadilika pakiwa na mdhamini. Mama akishika mbele ya kamera unga, mafuta au jiko la kampuni na kulisifia, hilo ni tangazo na lina bei yake. Kuhusu makato, tazama swali la 21.

Meneja aangalie upande mwingine pia. Kama msanii ni balozi wa mafuta fulani, mama hakusaini mkataba ule, lakini picha yake akimimina mafuta ya mshindani italeta simu usiku huo huo. Hamishieni mafuta kwenye chupa isiyo na lebo, mambo yaishe.

4. Ni lazima msanii awepo?

Hapana. Akija, aje mwishoni kula. Akiwepo tangu mwanzo maswali yote humgeukia yeye, na mama anabaki kumenya vitunguu pembeni ya kipindi chake mwenyewe.

5. Arekodiwe nyumbani Dodoma au aende Dar es Salaam?

Nyumbani, kama jiko linaruhusu (swali la 11). Mikono inajua kila kitu kilipo, na picha za uani zina thamani kuliko jiko la studio lenye matunda ya plastiki.

Ikilazimu Dar, treni ya SGR iliyoanza safari za Dodoma mwaka 2024 imeifanya njia hiyo kuwa ya saa chache, lakini mzee asirekodiwe siku aliyosafiri. Apelekwe siku moja kabla. Unga wa uwele, mlenda na karanga abebe kutoka huku, na chungu kifungwe kwa kanga mbili kishikwe mkononi.

Timu ikitaka kuja Dodoma kati ya Aprili na Juni, iambiwe kwamba huo ni wakati wa Bunge la bajeti na vyumba vya wageni mjini hujaa. Wasiowahi kukaa hapa hulijua hilo wakiwa wameshafika stendi na masanduku ya kamera.

## Chakula

6. Apike nini?

Kile anachokipika mwenyewe siku ya kawaida bila kuambiwa. Kosa la mara kwa mara ni familia kuonea aibu mboga ya nyumbani, ikampangia mama pilau la sherehe au tambi anazopika mara mbili kwa mwaka. Mikono huanza kusitasita, na kamera haifichi hilo.

Kanda hii haina upungufu wa vyakula: ugali wa uwele au mtama kwa mlenda, kuku wa kienyeji wa Singida, wali wa mchele wa Bahi kwa choroko, majani ya kunde kwa karanga, supu ya mbuzi. Kwa kinywaji kuna juisi ya zabibu au ya ubuyu. Zabibu za Dodoma huvunwa misimu miwili kwa mwaka, kwa hiyo pita Majengo au Sabasaba uone zilizopo kabla ya kumwahidi mtayarishaji. Unga wa ubuyu hukaa, hauna wasiwasi huo.

Kwa kipindi cha dakika 25, vyakula viwili vinatosha: kimoja chenye kazi ya mikono, kingine cha haraka.

7. Mlenda unafaa kwenye kamera? Watu hawatacheka?

Unafaa kuliko mboga nyingi, kwa sababu una mwendo. Mchicha ukishaiva umelala kwenye sufuria. Mlenda unavutika, unachuruzika, na mpiga picha anapata kitu cha kufuata. Aibu huwa ya wanaopanga kipindi, si ya wanaokitazama.

Kwa watu 6, anzeni na kiasi hiki: maji mililita 750, karanga zilizotwangwa nusu kikombe, nyanya 1, chumvi nusu kijiko cha chai, na unga mkavu wa mlenda vijiko 5 vya chakula. Chemsha karanga, nyanya na maji kwa moto mdogo dakika 10 hadi 15, mpaka harufu ya ubichi iishe. Tia chumvi. Nyunyiza unga wa mlenda kidogo kidogo kwa mkono mmoja huku mwingine ukizungusha upekecho bila kusimama. Acha dakika 3 hadi 5, epua.

Yanayoharibika yanajulikana. Unga ukimiminwa kwa mkupuo hufanya madonge yenye unga mkavu ndani, na hayo hayavunjiki tena. Ukitokota muda mrefu, mnato hukatika na mboga inakuwa maji, ndiyo maana mlenda haupikwi saa 2 kabla ukasubiri kamera. Nyanya zikizidi, uchachu wake nao hupunguza mnato. Wanaotia magadi watumie maji yake yaliyochujwa, kijiko 1 cha chai kwa kiasi hiki. Yakizidi, ladha inakuwa ya sabuni na vitamini C ya majani inapotea. Nguvu ya unga hutegemea majani yaliyokaushwa, kwa hiyo jaribuni ule ule utakaotumika siku ya kurekodi, si wa mwaka jana uliobaki kwenye kopo.

Karanga zichambuliwe mbele ya kamera: zilizosinyaa, zilizobadilika rangi na zenye ukungu zitupwe. Mkoa wa Dodoma ulikuwa miongoni mwa maeneo yaliyopatwa na mlipuko wa sumukuvu, sumu inayotokana na ukungu wa nafaka na karanga, mwaka 2016, na sumu hiyo haiishi kwa kuchemsha. Sekunde 20 za mama akichambua karanga kwenye ungo zitamfundisha mtazamaji kuliko maelezo marefu ya mtaalamu.

8. Ugali wa uwele unakuwa mchungu, na kwenye picha unaonekana wa kijivu. Tufanyeje?

Uchungu hutoka kwenye unga uliokaa. Uwele una mafuta mengi kuliko nafaka nyingi, na ukishasagwa mafuta hayo huanza kuharibika ndani ya siku chache, joto likiwepo ndiyo kabisa. Sageni siku moja au mbili kabla, mwambieni wa mashine atoe kwanza mabaki ya mahindi, na unga ukae kwenye chombo kilichofungwa mahali pa baridi. Maji lita 1.5 huchukua unga gramu 700 hadi 800, kutegemea mama anapenda ugali mgumu kiasi gani.

Kijivu ni rangi yake halali. Msichanganye na sembe ili kuuficha, kwani mtazamaji wa Mvumi au Kongwa atajua mara moja. Badilisheni chombo. Kwenye sahani nyeupe chini ya taa kali unafanana na saruji mbichi. Kwenye chungu chekundu au sahani ya udongo unatulia.

9. Mama hapimi chochote, na kipindi kinataka vipimo. Tunavipataje?

Msimpe vikombe siku ya kurekodi, mtamvuruga. Wiki moja kabla, apike kama kawaida na mtu mwingine apime: chombo cha unga kipimwe kabla na baada, tofauti ndiyo kipimo. Fanyeni hivyo kwa mafuta na chumvi pia, kwa mzani mdogo wa jikoni. Chumvi ndiyo hudanganya zaidi, maana "kidogo" cha mama mara nyingi ni kijiko kizima. Rudieni siku nyingine mlinganishe.

Maandishi ya kwenye skrini yatumie kikombe, kijiko, gramu na kilo. Kisado na debe vibaki kwenye mazungumzo, vina utamu wake.

10. Kuku wa kienyeji anataka saa 2 na kipindi ni dakika 25. Inawezekanaje?

Chakula huandaliwa kwa hatua tatu kabla kamera haijawashwa: kibichi kilichokatwa tayari, kilichoiva nusu, na kilichoiva kabisa. Kwa hiyo nunueni kuku watatu. Wa kwanza anakatwa na kutiwa jikoni, wa pili amechemshwa saa 1 na anaungwa mbele ya kamera, wa tatu anapakuliwa. Nyanya, vitunguu na mboga zizidishwe vivyo hivyo, na zikatwe na mtu mmoja ili vipande vifanane. Mhariri atahangaika sana kitunguu kikiingia sufuriani kwa duara na kutoka kimekuwa vipande vya mraba.

Ratiba ipangwe kwa muda wa Dodoma. Mji uko takribani mita 1,100 juu ya usawa wa bahari, maji yanachemka kwenye nyuzi 96 hivi badala ya 100, na ndiyo maana maharage, choroko na jogoo huchelewa kuiva kuliko pwani. Maharage yalowekwe usiku kucha. Sufuria ya presha inaruhusiwa, hasa kwa kuku wa pili na wa tatu ambao maandalizi yao hayaonekani.

Chakula kilichoiva kisikae nje zaidi ya saa 2, na Oktoba na Novemba joto likipita nyuzi 32, saa 1. Kikizidi hapo kinabaki cha picha tu. Mtangazaji apakuliwe kingine.

## Jiko na siku ya kurekodi

11. Kuni, mkaa au gesi?

Kuni zinapendeza machoni, basi. Moshi unapanda kwenye lenzi, moto haushuki ukiambiwa ushuke, na macho ya mama yakitoa machozi mhariri atayawekea muziki wa huzuni. Mkaa unafaa sana uani. Gesi ya plate mbili ndiyo rahisi kwa ratiba, na inaendana na kampeni ya nishati safi ya kupikia ambayo mkakati wake wa taifa ulizinduliwa mwaka 2024. Lakini kama mama hajaizoea, asijifunzie mbele ya watu. Njia ya kati inayofanya kazi: picha chache za mwanzo kwenye mafiga, mapishi yenyewe kwenye mkaa nje.

Mkaa usiwashwe ndani huku milango na madirisha yamefungwa kuzuia kelele. Hewa yake haina harufu na inaua. Kwa gesi, mtungi uwe umejaa, maungio yapimwe kwa povu la sabuni, na nyaya za taa zipite mbali na jiko.

12. Inachukua muda gani?

Saa 4 hadi 6 kwa kipindi cha dakika 25. Mama atakatishwa na kuombwa arudie kukata kitunguu kile kile kwa pembe nyingine. Aambiwe mapema kwamba kurudia si kwa sababu amekosea. Kwa kazi ya uani, kamera ianze saa 1 asubuhi. Kufikia saa 4 jua limekuwa kali, nusu ya uso iko kwenye mwanga na nusu kwenye kivuli, na miezi ya kiangazi upepo wa vumbi umeshaanza.

13. Avae nini?

Nguo yake nzuri anayoweza kupikia. Epukeni mistari myembamba na vidoti vidogo vilivyobanana, kwa sababu kwenye skrini vinatetemeka. Nyeupe tupu inang'aa kupita uso. Bangili zivuliwe, zinagonga sufuria na maiki inazinasa zote. Maiki ibanwe kwenye nguo iliyokaza. Ikibanwa kwenye ncha ya mtandio, kila akigeuka inasikika kama mtu anafagia. Mikono mirefu ikunjwe juu ya kiwiko kwa usalama wa moto.

Kanga ikiwepo, someni maneno yake kwanza. Ujumbe wa kumpasha jirani ukipita kwenye televisheni, mkwe atajua ni wake.

14. Nyumba yetu ina kelele. Watakubali?

Watakubali nyingi. Jogoo na mbuzi wa mbali ni mapambo. Kelele mbaya ni ile isiyokatika: friji, feni, mashine ya kusaga, upepo kwenye maiki. Friji izimwe wakati wa kurekodi, na funguo za gari ziwekwe ndani yake ili asiondoke mtu bila kuiwasha tena. Maiki ivalishwe manyoya yake hata kama asubuhi imetulia. Mvua kwenye bati haina dawa. Mkipangiwa kati ya Desemba na Machi, muwe na siku ya akiba.

15. Umeme ukikatika, au taa zikionekana kuchezacheza kwenye picha?

Jenereta iwepo, iwekwe mbali nyuma ya ukuta, na waya mrefu uandaliwe. Taa kuchezacheza ni kazi ya mpiga picha: umeme wetu ni wa hezi 50, kwa hiyo kamera iwekwe fremu 25 kwa sekunde na shata 1/50. Taa za bei rahisi za ukumbini zikiendelea kusumbua, zizimwe na meza isogezwe dirishani.

## Mazungumzo

16. Mtangazaji amwiteje?

Amuulize mwenyewe kabla. Kwa kawaida mama huitwa kwa mtoto wa kwanza, na staa anaweza kuwa wa nne. Kumwita kwa jina la kisanii la mtoto mbele ya mtaa unaomjua kwa jina la kaka mkubwa huleta maneno nyumbani. Wengine hawajali, wengine wanajali sana. "Shikamoo mama" ya mwanzo isikatwe kwenye kuhariri. Bila hiyo mtangazaji anaonekana hana adabu hata kama alisalimia.

17. Wakimuuliza kuhusu ndoa, watoto wa nje au pesa za mwanawe?

Watauliza. Siku tatu kabla, mtumieni mtayarishaji ujumbe mfupi wenye mada zisizoguswa, msitoe sababu. Mama awe na sentensi moja ya kufungia, kwa mfano: "Hilo mwenyewe yupo, mumuulize. Nipe hiyo chumvi." Kumpa mtangazaji kazi ya mikono humaliza swali bila ugomvi.

Kama kipindi ni mubashara, tahadhari iongezeke maradufu, kwa kuwa hakuna cha kurudisha. Kwa mgeni wa mara ya kwanza tunashauri kilichorekodiwa. Na akumbuke kwamba maiki inasikika hata kamera ikiwa imezimwa. Umbea mwingi unaovuja hunaswa mama akiwa anasubiri taa zirekebishwe.

18. Mama anaongea Kigogo vizuri kuliko Kiswahili. Ni tatizo?

Ni faida ikipangwa. Afungue na salamu ya Kigogo, "Mbukwenyi", ataje majina ya mboga na vyombo kwa lugha yake, na ndugu mmoja akae karibu kumsaidia sentensi ndefu. Maandishi ya chini ya skrini yakaguliwe na mtu wa familia kabla ya kurushwa, maana majina ya mboga za porini hukosewa sana. Wanyaturu, Warangi na Wanyiramba nao wafanye vivyo hivyo.

19. Mtangazaji anataka kutania kuhusu Wagogo na kuomba. Tumruhusu?

Utani wa watani unajulikana, una mipaka na una majibu yake. Utani wa mtu asiye mtani, mbele ya kamera, kwa mama aliyekaribisha wageni na kuwapikia, ni kitu kingine. Uingizeni kwenye orodha ya swali la 17. Mama mwenyewe akiuanzisha, hiyo ni haki yake.

## Karatasi

20. Wameleta fomu ya kusaini. Tuangalie nini?

Msisaini siku ya kurekodi sufuria ikiwa jikoni. Ombeni nakala siku kadhaa kabla, kwa Kiswahili. Soma vipengele hivi: picha zitatumika kwenye kipindi hiki tu au popote na milele, vipande vifupi vya mitandaoni vimo au la, sura yake inaweza kuwekwa kwenye tangazo la mdhamini, kipindi kinaweza kuuzwa kwa kituo kingine. Jambo la tangazo likatwe au lilipiwe peke yake.

Ombeni pia haki ya kutazama kabla ya kurushwa. Wengi watakataa mfumo wa "kuidhinisha", lakini watakubali kurekebisha jina, kabila, kijiji na vipimo vilivyokosewa. Hali ya afya ya mama ikitajwa, hiyo ni taarifa nyeti chini ya Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya mwaka 2022, inayotumika tangu Mei 2023, kwa hiyo idhini yake iwe ya wazi.

21. Malipo yanakatwa kodi?

Kampuni inayomlipa mkazi wa Tanzania kwa huduma hukata kodi ya zuio ya asilimia 5. Ombeni hati ya makato hayo. TIN, namba ya mlipakodi, hutolewa na TRA bure. Malipo yapitie kwa mama mwenyewe, si kwa meneja wa msanii, labda mama aandike vinginevyo.

22. Wakishayarusha, mapishi ni ya nani?

Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya mwaka 1999 inalinda namna kitu kilivyoandikwa au kurekodiwa, si wazo lenyewe. Video ni ya waliotengeneza. Maandishi ya mama kwenye daftari ni yake. Lakini njia ya kupika mlenda kwa karanga haina mwenyewe, na jirani akiupika hajaiba. Mama akiwa na mchanganyiko anaouza, tuseme achari au viungo, asitaje kiasi. Aonyeshe namna ya kutumia na asimame hapo.

23. Wajukuu wanaweza kuonekana?

Kwa ridhaa ya wazazi wao, na hasa wazazi wote wawili kama wametengana. Ridhaa ya bibi haitoshi, hata kama anawalea. Sare za shule zivuliwe, na jina la shule lisitajwe.

## Hali zisizo za kawaida

24. Aliyealikwa ni baba, na hajui kupika.

Asijifanye. Kanda hii ina kazi za wanaume kwenye chakula: kuchinja, kuchuna, kuchoma mbuzi, kurina asali, kukamua zabibu. Achome. Mbavu za mbuzi zikatwe unene sawa, zipakwe chumvi, zichomwe kwenye mkaa uliokwisha moto wa juu na kubaki na jivu jeupe, dakika 35 hadi 45 zikigeuzwa. Moto wa ndimi hubabua nje na kuacha damu kwenye mfupa, na baba aliyezoea baa atakuwa wa kwanza kuusogeza mkaa. Chumba kizima cha wahariri hakiwezi kutengeneza raha ya mzee anayejua anachofanya.

25. Mama ana presha au sukari.

Apewe kiti kirefu, ale kwa saa zake hata kama kamera inasubiri, na dawa zake awe nazo mtu mmoja anayejulikana. Asiseme kwamba uwele au mlenda unatibu sukari. Mtazamaji mgonjwa anaweza kuacha dawa. "Mimi nakula hivi" inatosha.

26. Tumepangiwa Ramadhani au Kwaresima.

Kwa Ramadhani, rekodini baada ya futari au hamisheni tarehe. Mpishi anayefunga hawezi kuonja kama kawaida yake, na chumvi itamsaliti. Kwa Kwaresima, nyama iachwe na choroko ichukue nafasi. Nyakati zote, mnyama achinjwe na Mwislamu ili mezani asibaki mtu na sahani tupu, timu ya kamera ikiwemo.

27. Mama na msanii hawaongei kwa sasa. Akubali mwaliko?

Kama bado pamoto, hapana. Swali la kwanza litakuwa hilo, na jibu lolote linageuka kiki. Kama wote wawili wanajua na wameafikiana, mada iingie kwenye orodha ya swali la 17 na msanii asitajwe kwenye tangazo la kipindi.

28. Kipande cha mama kimegeuzwa stika na kichekesho mitandaoni.

Tofautisheni. Uso wa mshangao uliogeuzwa stika hupita wenyewe, na kuukemea hadharani huurefusha. Maneno yaliyokatwa yakabadili maana ni jambo jingine: mwandikieni mtayarishaji siku hiyo hiyo mkitaja dakika na sekunde, mkiomba kipande kamili kiwekwe. Sauti yake ya bandia au picha yake kutumika kuuzia dawa ni utapeli. Hifadhini picha ya skrini na kiungo, muende polisi, na mtoe taarifa pia kwenye mtandao husika. Msanii asijibu kwa hasira kabla familia haijaandika.

29. Mama amependa, anataka chaneli yake.

Waulizeni TCRA, mamlaka ya mawasiliano, kwanza kama aina ya maudhui anayotaka inahitaji leseni. Vyakula kumi vijaribiwe na kupimwa kama ilivyo kwenye swali la 9 kabla ya kurusha cha kwanza. Anayeanza na viwili huishiwa mwezi wa kwanza na kuangukia kumzungumzia mwanawe.

30. Chungu cha mama kimepasuka wakati wa kurekodi. Nani analipa?

Kikipasuka kwa sababu kilitolewa motoni kikawekwa kwenye sakafu ya baridi kwa ajili ya picha, ni wao walioomba. Kikipasuka kikiwa kwenye jiko, ni chungu tu kimechoka. Kwa vyovyote orodha ya vyombo vya nyumbani vitakavyotumika iandikwe asubuhi na kusainiwa na mtayarishaji, na pembeni ya kila kimoja ibaki nafasi ya kuandika hali kilivyorudi.